Mwaka Niliokatazwa Mimba

Nawasalimu nyote mtakaosoma, hasa kina mama na kina dada. Muuguzi mmoja wa Kibondo ndiye aliyeniomba niandike yaliyonipata. Alisema amechoka kueleza peke yake na watu hawamwamini. "Wewe wakikuona umesimama, wataamini," aliniambia. Shule niliishia darasa la tano, lakini kusoma sijaacha, na kila nisipojua jambo nimewauliza wanaojua. Kwa hiyo mtakayosoma hapa ni niliyoyaona na niliyoyauliza.

Nilizaliwa Gwarama. Shuleni sikufukuzwa, niliondoka mwenyewe kwa kuchoka kukaa kwenye dawati moja mwaka mzima. Nilimfuata shangazi kuuza mawese Kakonko. Kutoka hapo nikaenda kuosha vyombo katika mgahawa Kibondo, kisha Kasulu kwa mzee mmoja Mwislamu mwenye duka la vitenge, aliyenifundisha kupima kitambaa kwa mkono bila kumpunja mteja wala kujipunja. Baadaye nikauza chumvi na dagaa kwenye kambi ya wakimbizi wa Burundi, Mtabila. Kirundi chao na Kiha chetu vinasikilizana, nikapata marafiki wengi. Sehemu yoyote nilikaa miezi sita, saba, halafu nikataka kujua kuna nini mbele.

Mwaka 2009 niliolewa Busunzu na Gervas, seremala, mtu mtulivu. Aliwaambia rafiki zake, "Mimi nimeoa basi. Asubuhi lipo, mchana limeshaondoka." Walicheka na mimi nikacheka. Lakini miaka mitatu ilipita bila mimba, na mama yake hakucheka. Hakunitukana. Alikuwa ananiangalia tumbo kila nikirudi safari, kabla ya kuniangalia usoni.

Katikati ya mwaka 2012 nikashika mimba. Ilinitapisha kuliko mimba za wanawake wote niliowajua. Nilitapika asubuhi, mchana na jioni, hadi nyongo. Na tumbo lilikua haraka. Katika mwezi wa tatu lilikuwa kama la mwezi wa tano. Mama mkwe alilishika kwa mikono miwili na akatoa hukumu: mapacha. Kwetu mapacha wana majina yao tayari, wa kwanza Bukuru, wa pili Butoyi, na nyumba yao ina heshima yake. Siku ile ile alianza kusuka vikapu viwili vidogo vinavyofanana, na majirani wakaanza kumwita bibi wa mapacha. Kliniki hakuona haja. "Watakwambia nini ambacho mkono wangu haujaniambia?" aliuliza.

Katika mwezi wa nne, nikiwa shambani kwenye maharage, nilisikia maji moto yakishuka miguuni. Ilikuwa damu, nyeusi kidogo, na ndani yake vijifuko vidogo vinavyong'aa, vimeshikana kama kichala. Nilichuchumaa nikavitazama. Nilikipasua kimoja kwa ukucha, yakatoka maji. Mama mkwe alipokuja akapiga kelele, "Tupa hivyo! Ni mayai ya chura! Nani amekufanyia hivi?" Sikutupa. Nilivitia ndani ya kopo la majani ya chai, kwa sababu nilitaka mtu aniambie ni nini.

Gervas alikodi pikipiki, tukaenda hospitali Kibondo, yeye akiendesha, mimi katikati yake na mama yake, kopo mkononi. Muuguzi aliyenipokea, ndiye huyu aliyeniomba niandike, alifungua kopo na kusema, "Umefanya vizuri kuleta. Hii ni mimba zabibu."

Zabibu sikuwa nimewahi kuiona. Nilimuuliza inafananaje. Alisema ni tunda linalolimwa Dodoma. Nikiwa nimelala pale natokwa damu, jambo lililonikaa kichwani ni Dodoma. Akili ya mtu mgonjwa ina mambo yake.

Kwenye kipimo cha picha hawakuona mtoto. Tumbo lote lilijaa punje punje tu. Daktari alinieleza kwamba mimba hii ilianza vibaya tangu siku ya kwanza. Yai langu lilikuwa tupu, halikuwa na kitu cha kutengeneza mtoto, ila kondo la nyuma lilijitengeneza lenyewe na kuendelea kukua. Walinisafisha kizazi siku hiyo. Mama mkwe aliuliza mara mbili, "Na watoto wamekwenda wapi?" Daktari alimjibu kwa upole kwamba hawakuwapo. Nadhani hadi leo jibu hilo halijamtosha.

Nilipotoka, muuguzi alinipa daftari. Lilikuwa na tarehe nne za kurudi kupima mkojo. "Hizi tarehe ni sehemu ya matibabu," alisema. "Vipande vidogo vikibaki vinaweza kuota tena. Na usishike mimba mpaka tukuruhusu." Niliitikia. Nilikuwa nimeacha kutapika, damu imekauka, nguvu zimerudi. Nilijiona mzima.

Miezi ile kambi ya Mtabila ilikuwa inafungwa. Warundi walikuwa wanarudishwa kwao na walikuwa wanauza kila kitu: sufuria, baiskeli, mapipa, milango. Nilienda Kasulu kununua. Niliaga watu niliowajua miaka mingi, nikanunua sufuria zao, nikaziuza Busunzu, nikarudi tena. Zile tarehe nne zilipita zote nikiwa njiani. Siwezi kusema nilizisahau. Daftari lilikuwa kwenye mkoba wangu.

Mwanzoni mwa 2013, nikiwa Kasulu, niligundua sijaona hedhi ya kueleweka, ni matone matone tu, na kichefuchefu kimerudi. Nilinunua kipimo cha mimba kwenye duka la dawa. Mistari miwili, tena iliyokolea. Nilimpigia Gervas simu palepale nje ya duka.

"Gervas, mistari ni miwili."

"Sema ukweli."

"Ninayo mkononi."

Nikasikia anamwambia mtu aliyekuwa naye karakana, "Basi limerudi na abiria!" Siku mbili baadaye alikuwa Kasulu. Alinikuta nakohoa. Tulidhani ni vumbi.

Wiki tatu tulikuwa watu wenye furaha. Kisha nikatokwa damu nyingi, kanga mbili zikalowa, na siku iliyofuata nilipokohoa, kwenye leso kulikuwa na damu pia. Hospitalini Kasulu walipima tena. Kizazini hapakuwa na mtoto, kulikuwa na uvimbe wenye damu. Tabibu aliuliza kama nimewahi kupata mimba iliyoharibika. Nikatoa lile daftari. Aliliangalia, akaona tarehe nne zisizo na alama, akaliweka mezani taratibu.

Hapo ndipo nilipoelewa jambo ambalo naomba kila mwanamke alishike. Kipimo cha mimba hakimwoni mtoto. Kinaona homoni inayotengenezwa na kondo la nyuma. Ugonjwa wangu ni chembe za kondo zilizobaki na kuota zenyewe, nazo hutengeneza homoni ileile. Mistari yangu miwili ilikuwa ya ugonjwa. Gervas alikuwa ameketi kando yangu tabibu akieleza. Alivua kofia akaishika magotini mpaka tulipotoka.

Nilipewa rufaa kwenda Mwanza. Njia yote hadi Nyakanazi ilikuwa vumbi jekundu, na askari mwenye bunduki alikaa mbele karibu na dereva kwa ajili ya majambazi wa msituni. Nilikaa juu ya kanga iliyokunjwa mara nane.

Daktari wa Mwanza alikuwa mwanamke, mtu wa Moshi kwa lafudhi, asiyepoteza maneno. Alisoma karatasi zangu zote kabla ya kuniangalia.

"Una watoto wangapi?"

"Sina."

"Unataka?"

"Nataka."

Picha ya kifua ilionyesha madoa mawili kwenye pafu la kulia. Alisema ugonjwa umesafiri kwa damu. Alisema ni aina ya saratani, lakini husikia dawa kuliko saratani nyingi, hata ikifika kwenye mapafu. "Kwa aliyemaliza kuzaa ningefikiria kukitoa kizazi. Kwako tutakiacha, tutajaribu sindano. Lakini sindano zinataka mtu anayekaa mahali pamoja. Hapa naona uliambiwa urudi Kibondo mara nne, hukurudi hata mara moja."

"Nilikuwa nasafiri."

"Kwenda wapi?"

"Kasulu."

"Kufanya nini?"

"Kununua sufuria."

Aliandika kitu kwenye faili. Sijui aliandika nini. Labda aliandika sufuria.

Nilimuuliza kama dawa zenyewe haziui kizazi. Alijibu, "Wengi wanaotibiwa hivi huzaa baadaye. Wewe mmoja siwezi kukuahidi." Nililipenda jibu hilo, kwa sababu watu wengine wote walikuwa wananiahidi.

Dawa ya kwanza ilikuwa ya rangi ya njano. Nilichomwa sindano siku moja, siku ya pili nikameza vidonge vya kuupa mwili nguvu ya kuistahimili, siku ya tatu sindano tena, hivyo hivyo siku nane. Kisha mapumziko, kisha mzunguko mwingine. Nywele hazikutoka. Kilichonitesa ni mdomo. Ulichubuka wote ndani, mashavu, ulimi, mpaka kooni. Nilikunywa uji wa baridi kwa mrija na kusukutua maji ya chumvi. Macho yaliwasha kama nimemwagiwa mchanga. Kila wiki walitoa damu kupima ile homoni. Namba ya kwanza ilikuwa kubwa kiasi kwamba nilimwomba muuguzi aisome polepole. Baada ya mzunguko wa kwanza ilishuka zaidi ya nusu. Baada ya wa pili ikashuka tena.

Kitanda cha jirani alilala mama mmoja wa Sengerema aitwaye Nyamizi, mwenye watoto sita na ugonjwa kama wangu. Yeye alitolewa kizazi. "Mimi nilimwambia daktari akitoe na mlango wake," alisema, wodi nzima ikacheka. Aliniona ninavyozungukazunguka na chupa ya mkojo mkononi nikiuliza mashine hii inafanya nini na ile inafanya nini. "Wewe dada," aliniambia, "wewe miguu inakuwasha. Ungeachiwa ungekwenda kutibiwa na samaki huko ziwani."

Hakukosea sana. Katika mapumziko ya mzunguko wa pili nilikuwa nakaa Igoma kwa binamu ya Gervas. Mdomo ulikuwa umepona, mwili una nguvu, na kila siku nilisikia watu wakitaja Ukerewe. Nilikuwa sijawahi kuona kisiwa. Nilimwambia binamu naenda kuangalia na kurudi kesho yake. Nilipofika nikakuta wanawake wanaanika dagaa juu ya nyavu badala ya mchanga, nikataka kujua namna wanavyofanya, nikawasaidia, wakanipa mahali pa kulala. Nilichelewa siku tisa.

Niliporudi namba ilikuwa imepanda. Walinichoma mzunguko wa tatu, ikapanda tena. Daktari aliniita.

"Ni kwa sababu ya Ukerewe?" niliuliza mimi kabla hajasema.

"Siwezi kusema ni Ukerewe," alijibu. "Kuna wagonjwa ambao dawa hii haiwasaidii hata wakikaa. Huenda wewe ni mmoja wao. Lakini sasa hatutajua."

Hakuninyanyulia sauti. Ningefurahi kama angeninyanyulia. Nimejaribu kujihesabia haki kwa njia nyingi tangu siku ile, na kila njia huishia kwenye maneno yale mawili: sasa hatutajua.

Wakanibadilishia dawa. Sasa zilikuwa kadhaa kwa pamoja, kupitia mshipani, na zilikuwa kali. Nywele zilitoka ndani ya wiki tatu, kwanza kwenye mto, halafu kwa kuzishika tu. Nyusi nazo. Kucha ziliingia mistari myeusi. Nilitapika mpaka misuli ya tumbo ikauma kama nimelima. Mara mbili damu yangu ilikuwa pungufu mno, wakaahirisha dawa na kuniongeza damu. Hedhi ilikatika kabisa, na joto lilikuwa linanipanda ghafla kifuani na usoni kama wanawake waliofika ukomo. Nilikuwa na miaka ishirini na tano.

Nilimuuliza daktari kama hedhi itarudi. "Kwa umri wako mara nyingi hurudi." Nikamuuliza kama isiporudi. "Tutazungumza isiporudi." Nyamizi alinitazama kichwa na kusema, "Kipara kimekupendeza. Unafanana na mchungaji wetu, tofauti yake yeye ananenepa."

Safari hii nilikaa. Sikuwa nimegeuka mtu mwingine. Miguu iliendelea kuwasha. Nilitafuta cha kuchunguza mlemle ndani. Fundi wa maabara alinionyesha chembe za damu yangu kwenye hadubini. Nilijifunza kusoma karatasi za majibu, nikawa nawasomea wenzangu wasiojua kusoma. Sokoni Mwanza niliziona zabibu zenyewe, nikanunua chache, nikazila. Hazifanani sana na nilichobeba kwenye kopo.

Namba ilianza kushuka, ikashuka mpaka ikafika pale wanapohesabu kuwa haipo. Madoa ya kifua yakafifia. Waliniongezea mizunguko mitatu ili kuua mabaki yasiyopimika, na mwishoni mwa 2013 nikaruhusiwa. Daktari alinipa sharti moja, akalirudia akiwa amenishika kiganja.

"Mwaka mmoja bila mimba. Damu upime kila mwezi. Ugonjwa ukirudi, mara nyingi hurudi mwaka wa kwanza, na tutaujua kwa homoni. Ukishika mimba, homoni itapanda, na mimi sitajua imepandishwa na mtoto au na ugonjwa. Umenielewa? Unayetaka mtoto ndiye unayepaswa kutumia uzazi wa mpango."

Nilielewa. Gervas naye alielewa, alikuja kunichukua na akaelezwa. Lakini tulipokaribia nyumbani alisema, "Mama tusimwambie hayo ya vidonge. Hataelewa." Nikakubali. Hilo lilikuwa kosa letu wawili.

Mama mkwe alinipokea vizuri. Alinichinjia kuku, akanifunga kitambaa kichwani kwa mikono yake. Vidonge nilivificha ndani ya kibuyu cha mbegu za ulezi kilichoning'inia jikoni. Mimi ni mtu wa biashara. Sikukumbuka kwamba mvua zilikuwa zimeshaanza, na watu wanaolima hufungua kibuyu cha mbegu kwa wakati wake.

Siku hiyo nilirudi kutoka kisimani nikamkuta ameketi mlangoni, kibuyu kati ya miguu yake, pakiti za vidonge juu ya ungo pamoja na ulezi. Baba mdogo wa Gervas alikuwa ameitwa na Gervas ametolewa karakana, vumbi la mbao bado nyusini.

"Hivi navijua," mama alisema. "Dada wa zahanati alivileta kwenye mkutano. Nikamwambia awapelekee waliochoka kuzaa. Wewe umechoka kuzaa nini?"

Nilisimama na ndoo kichwani.

Baba mdogo alimgeukia Gervas. "Mke wako anameza dawa za kufunga mlango wako, na wewe unapiga randa tu?"

"Najua, baba."

"Unajua?"

"Nilizibeba mimi mwenyewe kutoka Kibondo."

Mama aliinua mikono, akaishusha. "Kwa hiyo mjinga katika nyumba hii ni mimi."

Niliweka ndoo chini nikakaa mbele yake ardhini. Nilimweleza yote, kama nilivyoelezwa mimi: kondo lililoota bila mtoto, homoni moja kwa mtoto na kwa ugonjwa, mistari miwili ya Kasulu iliyotudanganya sote. Nilimwambia kwamba nikishika mimba mwaka huu, hata daktari atakuwa kipofu. Nilieleza kwa Kiswahili, nikarudia kwa Kiha, na jinsi nilivyoendelea kueleza ndivyo niliona uso wa baba mdogo ukizidi kukunjamana. Mama alikuwa ameinamia ungo, anachezea punje kwa kidole. Kisha akamuuliza shemeji yake:

"Ulezi na ule ulezi wa porini vikiota pamoja shambani, unavitenganisha vipi?"

"Huwezi. Majani ni yale yale. Mpaka vitoe kichwa."

"Na vikishatoa kichwa?"

"Umeshachelewa. Wa porini umekwisha kumwaga mbegu zake."

"Ego, ndiyo hivyo. Basi ndicho huyu anachosema. Shamba lake liliingia ulezi wa porini. Huko Mwanza wameling'oa lote. Sasa wanataka liachwe msimu mzima bila mbegu, waone kama kitaota kitu. Kikiota, wajue ni kile kibaya. Ukimwaga mbegu leo, utang'oa nini, utaacha nini?"

Baba mdogo alifikiri. "Kwa namna hiyo, sawa," alisema. Alisimama, akamwomba Gervas amtengenezee kiti kilichovunjika mguu, akaondoka.

Mama alinikabidhi pakiti moja moja, amepukuta ulezi. "Ungeniambia mimi," alisema. "Nimelima kabla hujazaliwa. Ulifikiri sitaelewa?" Nikamwomba radhi. Kuanzia siku hiyo alijipa kazi. Kila baada ya chakula cha jioni alipaza sauti, "Umemeza?" Mgeni akiwapo, "Umemeza?" Katekista alikuja kutusalimu akiwa na mzee wa kanisa, na mama akauliza, "Umemeza?" Gervas alitazama dari.

Mwaka ule ulikuwa mrefu kuliko dawa zenyewe. Nilirudi Kibondo kila mwezi kutoa damu, sampuli ikapelekwa Mwanza, majibu yakaja kwa simu. Sikukosa mwezi hata mmoja. Hedhi ilirudi baada ya miezi minne, kidogo, kisha kama kawaida. Siku ilipoonekana niliosha kitambaa changu nikakianika bila kumwambia mtu, na nikalima mpaka jua likawa kali. Nywele ziliota laini kama za mtoto. Nilijifunza kulima kwa kukosa pa kwenda, na sasa ulezi wa porini naujua unavyojificha.

Mwaka ulipotimia daktari aliniambia kwenye simu, "Sasa mnaweza." Niliacha vidonge. Mwezi wa kwanza hakuna kitu. Wa pili hakuna. Wa tatu hakuna. Kisimani wanawake walisema dawa za Mwanza zimeunguza kila kitu, na mmoja aliniambia usoni, "Ungekubali tu mwenzio aolewe, mkasaidiana." Nilimjibu kwamba Gervas hana mbao za kitanda kingine. Nilicheka, lakini nilipofika nyumbani nilikaa muda mrefu na ndoo kichwani bila kuitua.

Mwezi wa nne hedhi haikuja. Nilipima, mistari miwili. Safari hii sikumpigia mtu simu. Nilikuwa nimekwisha ona mistari hiyo. Nilikwenda Kibondo peke yangu, nikamwambia muuguzi yule, akanipeleka kwenye picha mwenyewe. Mpimaji alipaka mafuta ya baridi tumboni, akasogeza kifaa huku na huku. Kisha akanigeuzia kioo. Palikuwa na kitu kidogo kama punje ya maharage, na katikati yake kitu kinapepesa haraka.

"Huo ni moyo," alisema.

"Una uhakika si wangu?"

"Wako uko juu huko. Huu ni wa kwake."

Nilimwomba aangalie tena. Aliangalia mara tatu, hakulalamika. Muuguzi alikuwa amesimama nyuma yangu, nikahisi mkono wake begani.

Nilijifungua mtoto wa kike hospitalini Kibondo, mwezi wa Novemba 2015, kwa njia ya kawaida. Ana kilio kikubwa kuliko mwili wake. Kondo lake walilikagua kwa makini mbele yangu kwa sababu niliomba kuliona.

Namshukuru Mungu. Namshukuru Gervas, mama, na Nyamizi, aliyerudi kwa watoto wake sita na bado hunipigia simu kunitania. Nawashukuru waliochangia damu nisiowajua. Kwa mwanamke aliyetolewa kizazi kwa ugonjwa huu: Nyamizi ni mzima kama mimi, na njia yake haikuwa mbaya kuliko yangu. Kwa anayetokwa damu katika mimba, au tumbo likizidi miezi yake: nenda upimwe, na kinachotoka kipeleke. Kwa aliyesafishwa mimba zabibu: rudi kwenye tarehe zako hata ukijisikia mzima, maana mimi nilijisikia mzima. Na wakikuambia usishike mimba mwaka mzima, waambie watu wa nyumbani sababu yake siku ile ile.

Kila baada ya mimba napaswa kupimwa tena, kwa sababu ugonjwa huu unaweza kujificha nyuma ya mtoto. Kipimo cha wiki ya sita ni Jumatatu. Nimeandika haya kabla ya jibu kwa makusudi, maana nikingoja jibu zuri ndipo nishuhudie, nitakuwa nawadanganya kuhusu namna tunavyoishi sisi tuliopona. Mtoto yuko mgongoni, amelala, ananyonya vizuri. Kama namba itakuwa imepanda, barabara ya Mwanza naijua, nitambeba, na nitakaa huko mpaka waniambie niondoke.